Vitumbo Vitatu vya Kicheko

Kisa cha mbuzi aliyekula wigi kilikuwa kimefika pale mbuzi anapokimbia barabarani na nywele zikimning'inia mdomoni, na msusi, kama kawaida yake, akasimamisha mikono ili aliyekaa kitini apate nafasi ya kucheka. Akainua macho kutazama kioo. Kwenye kioo alimwona karani wa benki akitabasamu, na nyuma ya karani, kule kwenye kona, akamwona mumewe amepakata ubao mdogo mweusi. Ubaoni palikuwa na vitumbo vitatu vya mviringo vilivyofuatana. Vitumbo vitatu maana yake kicheko cha dhati, kile cha kushika mbavu. Msusi akaridhika, akaendelea kusuka, na mbuzi akaendelea kukimbia.

Masikio ya msusi yalikuwa yamezima. Hayakuzima kwa siku moja. Yalififia polepole kama redio inayoishiwa betri, na mumewe, ambaye alikuwa fundi redio, aliumia zaidi kwa kuwa redio hii hakuweza kuifungua. Maneno hayakumpa msusi taabu sana. Kazi ya saluni hufanyika mbele ya kioo, mteja anatazama mbele, msusi anatazama mbele, na midomo yote inaonekana. Alikuwa amejizoeza kuisoma mpaka wakati mwingine analijua neno kabla halijaisha. Kilichompotea ni sauti yenyewe. Mtu akisema "umependeza," midomo ni ileile, awe anasifu au anakejeli. Na saluni, nani asiyejua, maneno ni robo tu ya mazungumzo; sehemu iliyobaki ni namna yalivyosemwa.

Ndipo fundi alipobuni alama zake. Siku hizi watu wanasikiliza kila kitu kwenye simu, redio zinazougua haziletwi tena, kwa hiyo alikuwa amehamishia meza yake kwenye kona ya saluni, na muda alikuwa nao wa kumwaga. Kila sauti akaipa mchoro wake. Mstari ulionyooka, sauti ya kawaida. Mstari unaopanda mwishoni, swali. Meno ya msumeno, hasira. Uzi uliolegea, uchovu. Vitumbo, kicheko: kimoja cha adabu, viwili cha kweli kidogo, vitatu cha dhati. Ndoana ilikuwa alama ya kejeli, na hiyo ilikuwa wazo la binti yao; baba yake si mtu wa kejeli na peke yake asingeikumbuka.

Mwanzoni kulikuwa na ajali. Fundi alisahau kwamba mkewe anausoma ubao kwenye kioo, na kioo hugeuza kulia kuwa kushoto, basi maswali yake yote yakawa yanashuka badala ya kupanda. Mama mmoja akaweka mkono shingoni akauliza, "Unazikata mpaka hapa?" Msusi akasoma midomo, akasoma mstari unaoshuka, akaona mteja ameshaamua, akashika mkasi. Kilio cha mama yule kiliwaleta majirani. Tangu siku hiyo fundi aliandika kinyumenyume, kutoka kulia kwenda kushoto, na akawa mwepesi kiasi kwamba chaki ilifika mwisho pamoja na sauti.

Wateja walimwona, bila shaka. "Fundi, unachora nini kila siku?"

"Nyaya."

"Redio moja ina nyaya nyingi hivyo?"

"Hii ni ya zamani," fundi alijibu, na uongo huo haukumsumbua hata kidogo.

Kuwaambia ukweli ndiko msusi alikokataa katakata. "Nani atakaa kwa msusi kiziwi?" alimwambia mumewe. "Nywele hata nyumbani zinasukwa. Huku watu wanakuja kusikilizwa." Mtu akishangaa kwa nini anazungumza kwa sauti ya juu vile, aliinyooshea kidole mashine ya kukaushia nywele, ambayo kwa kweli ilinguruma kama lori.

*

Jumamosi ile binti yao alikuwa na mapumziko. Aliuza vifaa vya simu mjini, kusimama kutwa, na siku yake ya kupumzika alikuja saluni kukaa. Baba yake alikuwa ameishiwa lehemu, na duka la vifaa vya ufundi lilikuwa mbali. "Nishikie ubao," akamwambia, akavaa kofia akatoka akipiga mluzi.

Karani wa benki akaingia, akakaa, akatandikiwa taulo mabegani. Huyu ndiye aliyekuwa mteja kipenzi wa msusi. Alikuwa anaolewa mwezi uliofuata, na msusi alishajihesabia kwamba bibi harusi na wasimamizi wake wote watapita mikononi mwake. Harusi moja ya watu wa benki inaweza kuleta harusi nyingine tano.

"Na harusi, mwanangu?" akauliza, vidole vikigawa nywele. "Mje wote hapa. Nitafunga mlango, siku hiyo ni yenu peke yenu."

Karani akatabasamu. Alikuwa na tabasamu la dirishani, lile analowapa watu wenye foleni ndefu, na halingemtoka hata angekanyagwa. "Tutaona, mama," midomo ikasema.

Msusi akatazama ubao. Mstari ulianza umenyooka, ukalegea katikati, na mwishoni binti alikuwa ameweka ndoana ndogo. Msusi akaona mtoto amekosea. Ndoana! Ilikuwa zamani mno tangu aione, alikuwa amesahau hata kama ipo. Akamkazia binti macho kwenye kioo. Binti akatikisa kichwa kukubali: ndiyo, ndivyo alivyosema.

Basi msusi akajaribu dawa yake ya siku zote. "Nimekwambia kuhusu yule mbuzi?"

"Aaa, mbuzi," karani akasema kwa tabasamu lilelile. Uzi uliolegea.

Mbuzi akaingia saluni. Uzi. Mbuzi akala wigi. Uzi. Mbuzi akatoka mbio na nywele mdomoni, msusi akasimamisha mikono, akainua macho, na ubaoni uzi ulikuwa umelegea kutoka ukingo hadi ukingo, na chini yake binti, mtoto mwenye bidii, alikuwa ameongeza wa pili.

Mikono ya msusi ndiyo iliyosema. Ilishika fungu la nywele, ikagawa, ikavuta.

"Aaah! Mama!"

Meno ya msumeno yakajaa ubao mzima, lakini hayo hayakuhitaji kuandikwa.

*

Fundi alirudi na lehemu mfukoni na andazi la kila mtu ndani ya karatasi. Aliwakuta jikoni nyuma ya saluni, binti amekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa akijitazama kucha, mke amesimama na ubao mkononi.

"Umeniandikia uongo," msusi akasema.

"Nani?"

"Wewe. Karani hajawahi kucheka. Hata siku moja."

"Si uongo wote," fundi akasema, akageukia jiko kutafuta kikombe.

Msusi akamgeuza kwa bega. "Nitazame unaposema."

Fundi akamtazama. Hapakuwa na pa kukimbilia. Kuficha neno kwa mwanamke anayesoma midomo kunataka mtu afunike uso mzima. "Unamkumbuka yule muuza viatu?" akaanza. "Alikwambia kazi nzuri, lakini kwa kejeli. Nikaandika ndoana. Unajua ulifanya nini?"

"Nilifanya nini?"

"Ulimsuka mpaka nyusi zikapanda. Alitembea wiki nzima kama mtu aliyeona nyoka."

Binti akacheka, akajiziba mdomo kwa viganja vyote viwili. Hakuna aliyemwandika.

"Ukikasirika mikono yako inakaza," fundi akaendelea. "Nikaona niwaokoe watu vichwa. Siku iliyofuata nikaweka kitumbo kimoja. Ukang'aa. Ukasuka vizuri, ukaimba. Nikaweka viwili. Mimi kazi yangu ni kuwasha vitu, mke wangu. Nikiandika ndoana nakuona unazima."

"Kwa hiyo ukanipaka mafuta kwa mgongo wa chupa. Na chupa zenyewe nanunua mimi."

"Nilikosa."

"Mwezi baada ya mwezi namsimulia mtu mbuzi! Na wale walioacha kuja? Ulisema wamehama."

"Mmoja alihama kweli."

Msusi akaweka ubao mezani. Hasira ilikuwa imeanza kupungua na nyuma yake kulikuwa na kitu kibaya zaidi. "Yule mwalimu wa chekechea," akasema, safari hii kwa sauti ya chini, ingawa mwenyewe hakujua kama ni ya chini. "Ananipenda, au ni wewe tu?"

"Anakupenda. Vitumbo vyake ni halali, naapa."

"Nitajuaje?"

Fundi akaanza kufungua karatasi ya maandazi.

"Nakuuliza. Kesho ukiniandikia kicheko, nitajuaje?"

Fundi akaikunja tena. Maandazi yakabaki ndani ya karatasi. Msusi aliumia siku masikio yalipozima, lakini siku ile alikuwa na mtu wa kumsikilizia. Sasa hata huyo alikuwa hana. Akauchukua ubao akaenda nao saluni, akaugeuza uso ukatazama ukuta.

*

Siku zilizofuata zilikuwa za kuchekesha kwa mtu aliyezitazama kwa mbali. Msusi aliamua kufanya kazi kwa midomo peke yake. Mteja mmoja alisimulia jinsi shemeji yake alivyotumbukia kwenye pipa la maji. Midomo ilipendeza, macho yalikuwa makubwa, msusi akacheka mpaka akashika kiti. Kumbe shemeji alikuwa amevunjika nyonga. Mwingine alimtania kuhusu bei, utani mtupu, naye akaeleza kwa ukali gharama ya mafuta, ya dawa, ya umeme, mpaka mteja akatoa pochi akalipa zaidi na hakuaga vizuri. Msusi akawa anatabasamu muda wote kwa kila mtu, ili asikosee, na jioni mashavu yalimuuma.

Kule kwenye kona fundi alikaa na mikono yake. Aliifungua redio, akaifunga, akaifungua tena. Kila mteja alipocheka, kidole chake kilichora kitumbo kwenye vumbi la meza, kisha akakifuta kwa kiwiko kabla mkewe hajageuka. Wakati wa chakula walizungumza: chumvi, kodi ya chumba, bomba linalovuja. Kila alilosema fundi, mkewe alilisoma vizuri kabisa, na kila mara alimtazama kidogo zaidi kuliko ilivyohitajika, kama mtu anayekagua noti juani.

Kisha, katikati ya wiki, wakati hakuna mteja, karani wa benki akaingia. Hakukaa. Alikuwa bado na sare ya kazi, na kwa mara ya kwanza tabasamu la dirishani alikuwa ameliacha kazini.

"Mama, nimekuja kukwambia mwenyewe. Siku ya harusi nitaenda saluni nyingine."

Msusi aliyasoma maneno yote. Akakunja taulo ambalo lilikuwa limeshakunjwa. Angeweza kusema haidhuru, akatabasamu, akamaliza. Lakini alikuwa amechoka kutabasamu. "Mwanangu," akasema, "mimi sisikii. Sisikii chochote. Nakusoma midomo."

"Najua, mama."

"Unajua nini?"

"Kwamba husikii. Wote tunajua." Karani akaona aibu, akaangalia mashine ya kukaushia nywele. "Siku moja umeme ulikatika. Mashine ikanyamaza, na wewe ukaendelea kupiga kelele juu yake."

Msusi akamgeukia mumewe. Fundi akainua mabega: hilo hakuna aliyelisema kwa sauti, angeliandikaje?

Siri yote ile, nyaya zote zile! Msusi akakaa kwenye kiti cha wateja, mahali ambapo hakuwa na desturi ya kukaa, na akajiona kwenye kioo jinsi alivyonuna. "Sasa kama mnajua, mnakuja kufanya nini?"

"Mikono yako," karani akasema, kama mtu aliyeulizwa jambo la wazi. "Hakuna mwingine anayesuka hivi. Ila Jumamosi ile ulinitoa machozi."

"Na harusi?"

Karani akavuta pumzi. "Ni mbuzi, mama."

"Mbuzi?"

"Shangazi zangu watakaa hapa asubuhi nzima. Utawasimulia mbuzi. Utamsimulia kila mmoja peke yake. Mimi kisa kile nimekisikia mpaka namwota, na siwezi kukukatiza, maana kila nikiguna kwa kuchoka, wewe unaongeza!"

Sauti yake ilikuwa imepanda. Msusi aliona kifua chake kikienda juu na chini, aliona mishipa ya shingo, lakini kilichokuwa ndani ya sauti hakukipata. Ilikuwa hasira? Dharau? Akatazama mahali pa ubao, akaona mgongo wa ubao.

"Baba," akamwambia mumewe. "Andika."

Fundi aliinuka haraka mpaka bisibisi ikaanguka. Akaugeuza ubao, akachora bila kusita, mbele ya macho ya wote wawili: meno ya msumeno, madogo, halafu mstari uliotetemeka kutoka katikati mpaka mwisho.

"Meno nayajua," msusi akasema. "Huku kutetemeka ni nini?"

"Ana hasira kidogo. Zaidi anaogopa. Anaona amekuumiza."

"Hivyo ndivyo unavyosema wewe." Msusi akamnyang'anya ubao, akamwelekezea karani. "Hii si michoro ya nyaya. Hii ni sauti yako. Haya meno ni hasira, huku kutetemeka ni hofu. Ndivyo ulivyosema, au huyu mzee ananidanganya tena?"

Karani akasogea karibu. Aliutazama ule mchoro, kwanza kwa mshangao, halafu kwa umakini wa mtu ambaye kazini huhakiki saini za watu. "Kwa kweli," akasema, "hasira ilikuwa nyingi kuliko hapo." Akaomba chaki. Akarefusha meno mawili. Akarudi nyuma akatazama, akarefusha na la tatu. "Hapo sawa. Hofu ameiweka vizuri."

Msusi akamtazama karani, akautazama ubao, akamtazama mumewe. Furaha ikamjia kifuani ghafla, ya kijinga, ya kusomewa hasira halali ya mteja, yenye meno marefu. Alijua sasa. Hakuwa na haja ya kukisia wala kumkagua mtu juani. Mwenye sauti alikuwa amesimama pale pale na chaki mkononi.

"Na ukicheka?" akauliza. "Nitakujuaje?"

"Kwani nimewahi kucheka hapa?"

Fundi, kwa haraka, akachora kitumbo kimoja na ndoana pembeni. Karani akakiona, akauliza maana, akaambiwa kimoja ni kicheko cha adabu, vitatu cha dhati, na ndoana ni kejeli, na akaangua kicheko cha kweli mpaka akashika mbavu. Kisha akafuta macho, akachukua chaki, na vitumbo vitatu akaviandika mwenyewe. Kutoka kushoto kwenda kulia, kwa sababu sasa hapakuwa na haja ya kioo.

"Harusi nitakuja," akasema. "Lakini mbuzi abaki nyumbani."

"Mbuzi abaki nyumbani," msusi akakubali.

*

Ubao ulihama. Fundi aliupigilia ukutani kando ya kioo, kila mtu auone, na chini yake akaning'iniza kopo la chaki. Mwalimu wa chekechea alizijifunza alama kwa siku moja, akavihakiki vitumbo vyake vyote na kusema ni halali, ila kimoja au viwili vilikuwa vya adabu, tusameheane. Muuza viatu alirudi kwa udadisi tu, akadai ndoana yake ichorwe kubwa zaidi. Wengine walibishana na fundi kuhusu miguno yao kama watu wanaobishana na mpiga picha. Msusi aliumizwa mara mbili tatu na ukweli, akakaza mikono, na mteja akapiga kelele na kuandika meno mwenyewe.

Alasiri moja walikuwa wawili tu, wanafagia. Msusi akasimamisha ufagio.

"Sauti yako sijawahi kuiona," akasema.

"Yangu?"

"Umeandika ya kila mtu. Yako hapana. Sema kitu, uiandike."

Fundi akachukua chaki. Akafikiri, akamgeukia mkewe ili midomo ionekane. "Nisamehe," akasema, na ubaoni akachora mstari ulionyooka, safi, wa mtu asiye na shida.

"Na nani atakusahihisha wewe?" msusi akauliza.

"Hakuna."

"Sema tena." Akaweka kiganja chake kwenye koo la mumewe, chini kidogo ya kidevu, mahali ambapo ndevu huushinda wembe.

"Nisamehe."

Msusi akahisi chini ya vidole vyake kitu kinachokwaruza na kutetemeka, kikakatika katikati ya neno, kikaendelea kwa shida. Akamnyang'anya chaki. Akaufuta ule mstari ulionyooka kwa kiganja, akachora mwingine, polepole, unaoyumba, wenye pengo katikati. Fundi akautazama na hakupinga. Macho yalimlowa, akasingizia vumbi la chaki.

"Nimekusamehe," msusi akasema. Akamrudishia chaki, akavuta kiti. "Hivi, nimekwambia kuhusu yule mbuzi?"

Fundi akatazama chaki, akamtazama mkewe. Kisha akainua mkono, na kwa ujasiri wote aliokuwa nao akachora uzi uliolegea, kutoka ukingo hadi ukingo wa ubao.

Msusi akausoma mpaka mwisho, uso ukimng'aa kama zamani.

"Vizuri," akasema. "Sasa kaa usikilize."